Paa la Igurwa na Fundi Mehar Singh

Ninyi vijana mnaopima kwa utepe wa chuma unaojirudisha wenyewe ndani ya kikopo chake, na mnaokata mbao kwa mashine yenye kelele kuliko kwaya mbili zikigombana, mmeniomba niwaeleze tulivyofanya kazi zamani. Mmeomba wenyewe, kwa hiyo msianze kupiga miayo. Nitaruka huku na huku, maana kumbukumbu za mzee hazipangwi kama mbao stoo. Nimekuwa seremala katika Karagwe hii zaidi ya miaka arobaini. Vitanda vingi vya wazazi wenu vilitoka mkononi mwangu, na majeneza ya babu zenu pia. Lakini leo nataka kumsifu mtu mwingine, na ili nimsifu ipasavyo itanibidi nijiaibishe kidogo.

Mtu huyo aliitwa Mehar Singh. Watu wa hapa walimwita Kalasinga, kama walivyowaita wenzake wote wenye vilemba na ndevu, na yeye aliitika bila kinyongo. Mimi nilimwita Fundi. Alikuwa mrefu, na kilemba chake kilikuwa cheupe asubuhi na chekundu jioni kwa vumbi letu. Nywele hakuwahi kuzikata tangu azaliwe, na mkononi alivaa bangili ya chuma ambayo hakuivua hata anapopiga randa. Vyote viwili viliagizwa na dini yake, na hakuona taabu kueleza kwa yeyote aliyemuuliza kwa heshima.

Alizaliwa Panjabi, kule India, katika ukoo wa maseremala. Baba yake alikuja kwanza kujenga reli, akarudi kwao na kumwambia mwanawe kwamba Afrika kuna kazi mpaka uchoke. Mehar Singh akapanda meli na sanduku la vifaa. Alitengeneza mabehewa Nairobi, akahamia Kisumu, akavuka ziwa hadi Bukoba, na kutoka Bukoba lori likamleta Kyerwa kwenye machimbo ya bati, ambako walitafuta mtu wa kuunda mifereji ya mbao ya kuoshea mchanga. Mke wake alimfuata miaka sita baadaye, na masufuria ya shaba yamefungwa ndani ya magodoro. Tulimwita Mama Jito, kwa jina la binti yao. Siku moja nilimuuliza Fundi kwa nini hakubaki Nairobi walikojaa wenzake. Akanijibu, "Nairobi fundi mingi. Hapa mimi moja tu."

Msicheke Kiswahili chake. Changu hakikuwa bora zaidi, maana nyumbani tulisema Kinyambo, na Kiswahili nilikiokota kazini kama yeye. Tulikuwa watu wawili tunaotumia lugha ya kuazima, na kwa miaka minne sikumbuki siku hata moja ambayo hatukuelewana.

Nilianza kwake mwaka mmoja au miwili baada ya vita vya Hitla. Nilikuwa mtu mzima, nina mke na mtoto, na kazi yangu ilikuwa kupasua mbao shimoni. Shimo la mbao hamkulijua ninyi. Gogo linalazwa juu ya shimo, mtu mmoja anasimama juu yake, mwingine anaingia chini, na msumeno mrefu unapanda na kushuka kati yao. Wa juu ndiye anayeona mstari, na wa chini ndiye anayekula unga wa mbao. Mimi nilikuwa wa chini. Nilikula unga ule kuliko nilivyokula ndizi. Fundi alikuja kununua mbao, akachungulia shimoni, akaona jinsi ninavyouvuta msumeno bila kuupinda, akasema, "Huyu natoka shimo, nakuja kwangu." Ndivyo nilivyoajiriwa.

Siku ya kwanza nilidhani ananidhihaki. Alikaa chini na kukunja miguu, akaubana ubao kwa vidole vya miguu, akaanza kuchonga kwa patasi huku mikono yote miwili ikiwa huru. Miguu yake ilijua kushika, kugeuza na kuachia. Ninyi mna jiliwa la chuma la kubania mbao, na ni kitu kizuri, lakini likiharibika mnakwenda nyumbani. Nilichukua miezi mitatu kujifunza kubana kwa miguu, na kovu la patasi kwenye kidole hiki gumba ndiyo ada niliyolipa.

Alinifundisha kunoa msumeno kwa tupa kila asubuhi kabla ya chai, si baada yake, kwa sababu mtu aliyeshiba anaridhika upesi. Alinifundisha kupiga mstari kwa uzi uliochovywa masizi, kuvuta uzi wima na si upande, la sivyo mstari unapinda. Mbao mbichi alizilaza kivulini juu ya vijiti, akazigeuza kila Jumamosi kama mtu anayegeuza mgonjwa kitandani. Nikimuuliza zitakauka lini, anaugonga ubao kwa kifundo cha kidole na kunitaka nisikilize mlio. Mwanzo sikusikia kitu. Mwaka wa pili nikaanza kusikia.

Sasa nisikilizeni juu ya tumbaku. Kwetu Karagwe ukimtembelea mtu unayemheshimu huendi mikono mitupu. Unapeleka rubisi, pombe yetu ya ndizi, au buni za kutafuna, au tumbaku nzuri iliyosokotwa. Mwezi wa pili wa kazi nilikwenda nyumbani kwa Fundi kutoa shukrani, nimevaa kanzu, na kiko changu kinafuka mdomoni. Mkononi nilikuwa na msokoto wa tumbaku wa kumtosha chifu. Mama Jito alinifungulia mlango, akaona, akaufunga. Nilibaki nimesimama. Fundi alitoka kwa mlango wa nyuma akiwa anajizuia kucheka, akanieleza kwamba hakuna kitu ambacho dini yao inakikataza kama tumbaku, na kwamba nimefika na tumbaku ya pande zote mbili, inayowaka na isiyowaka, siku ambayo wenzao wamekusanyika kusali.

Nilitaka ardhi inimeze. Lakini Mama Jito alirudi mwenyewe na birika la maji. Nikanawa mikono na kusukutua mdomo, akanipa kitambaa cha kufunika kichwa, akasema, "Viatu weka hapa, Zakaria. Ingia, kula."

Humo ndani ndimo nilimoona jambo ambalo limenikaa moyoni mpaka leo. Familia zao kati ya Kyerwa na Bukoba zilikuwa chache, nadhani hazikufika kumi, na gurdwara, nyumba yao ya ibada, hawakuwa nayo huku. Basi kila mwezi walikutana kwa mmoja wao. Chumba kimoja kilitandikwa shuka nyeupe, na kitabu chao kitakatifu kikawekwa juu ya mito, pahali pa juu kuliko mtu yeyote. Watu wote walikaa chini. Baada ya kusali walikula papo hapo sakafuni, kwa mstari mmoja, bila mkubwa wala mdogo. Mimi mpasua mbao niliwekwa kati ya makanika wa machimboni na mzee mmoja mwenye kiwanda cha mbao kule Bukoba. Yule mzee alinipakulia dengu kwa mkono wake, na tulipomaliza akakusanya sahani, yangu ikiwemo, akaenda uani kuziosha. Nilinyanyuka kumsaidia. Fundi akanivuta kanzu nikae, akanong'ona kwamba leo ni zamu ya yule mzee na nisimnyang'anye. Niliwapenda watu wale tangu siku hiyo, na kiko nilikiacha nje ya eneo la kazi miaka yote niliyokuwa kwao.

Nafika sasa Igurwa, na hapa ndipo aibu yangu ilipo.

Wakristo wa kijiji kimoja huko walikuwa wamejenga kanisa la matofali mabichi. Miaka miwili wanawake walibeba maji, wanaume wakakanyaga tope. Kuta zilisimama vizuri, lakini tofali bichi likinyeshewa linarudi kuwa tope, na masika yalikuwa yamebakiza majuma machache. Wazee wa kanisa walimpa Fundi kazi ya kuezeka, ingawa baadhi yao walinung'unika kwamba mtu asiyebatizwa hapaswi kuinua paa la nyumba ya Mungu. Msimamizi wa ujenzi alikuwa Mwinjilisti Yonatani, mzee mwema mwenye sauti kubwa na kiuno kibovu.

Tulihitaji kenchi kumi na nne, zile pembetatu za mbao zinazobeba paa, kila moja na mbao mbili za mshazari. Fundi aliupima ubao wa kwanza mwenyewe, akaukata, akaupiga randa mpaka ukang'aa. "Huyu mama," akaniambia. "Watoto yote nazaliwa na mama. Mtoto hapana zaa mtoto." Maana yake, kila ubao mpya ulazwe chini ya ule wa kwanza na kuwekwa alama kutoka kwake tu. Ukipima kwa ubao uliokata punde, kosa dogo la ule linaingia kwenye huu, la huu linaingia kwenye unaofuata, na hutaliona mpaka limekuwa kubwa. Akanikabidhi kazi. Dada yake alikuwa anaozesha binti huko Kampala, na ilimbidi aende siku kumi na mbili. Ilikuwa mara ya kwanza kuniachia kenchi. Nilivimba kichwa, siwafichi.

Siku ya pili, nikiwa nimekwisha kukata ubao mmoja tu, nilifika nikamkuta Mwinjilisti Yonatani ameketi juu ya mama. Ubao ulikuwa mrefu, laini, safi, naye alikuwa ameulaza juu ya matofali ukawa benchi. Kiuno chake kilikuwa kimepata afadhali. Alikaa hapo kutwa akituhimiza, akala hapo, akapokea wageni hapo, na kina mama wa kanisa wakaja kuketi pembeni yake.

Sasa niambieni, ninyi mngefanyaje? Kwetu mtu hamwinui mzee aliyekwisha kukaa. Ningemwambia kwa heshima ya Kinyambo, "Waitu, nyanyuka, nautaka ubao"? Mara ishirini na saba? Nilimwamkia shikamoo, nikazunguka, nikachukua ubao wa mwisho niliokata, nikapimia huo. Nilijiambia ni sawa tu. Kila ubao ulipungua unene wa msumeno, kitu cha kutoonekana. Nilizipigilia kenchi, nikawaita vijana wa kijiji, tukainua zote kumi na nne kabla Fundi hajarudi, ili akute kazi imekwisha na anisifu.

Alirudi siku ya Jumatano. Alisimama mlangoni, akafumba jicho moja. Mgongo wa paa ulikuwa unateremka kuelekea madhabahuni kama ng'ombe aliyepiga magoti kunywa maji. Kule mwisho miguu ya kenchi haikufika hata katikati ya unene wa ukuta. Aliagiza tushushe ya kwanza na ya mwisho, akazilaza sambamba. Tofauti ilikuwa vidole vinne.

Wazee walikuwa wamekusanyika. Mwinjilisti Yonatani alisimama kutoka kwenye benchi lake, na nilimwona Fundi akiutazama ule ubao, kisha akinitazama mimi, kisha akiutazama tena. Alielewa yote kwa wakati mmoja.

"Nani amepima?" aliuliza Mwinjilisti.

Nilijua nikisema ni mimi, hakuna mtu Karagwe nzima atakayenipa hata mlango wa choo. Nilijua pia nikieleza kwa nini, nitamwaibisha mzee mbele ya waumini wake. Nilikuwa bado natafuta maneno, Fundi akasema, "Mimi. Kipimo mimi naacha, kipimo mbaya."

Nikanyamaza. Hilo ndilo kosa langu la kweli, wala si zile mbao. Nilisimama pale na nyundo mkononi nikasikia wazee wakimwambia mtu yule maneno ambayo hata mbwa haambiwi, kwamba walionywa, kwamba mvua ikibomoa kuta atalijibu taifa zima la Mungu. Yeye aliinamisha kilemba na kusema, "Ndiyo, mzee. Mimi natengeneza."

Alituma ujumbe kwa wenzake kupitia lori la machimbo. Jumamosi asubuhi lori liliingia kijijini kutoka Bukoba na mbao kavu, na juu ya mbao wameketi maseremala watatu wenye vilemba. Mchana akaja yule makanika wa Kyerwa na mke wake. Yule mzee wa kiwanda alikuja pia, na ndiye aliyetoa mbao. Hakuna aliyekuwa wa dini ya kanisa lile. Nilipomuuliza makanika kwa nini wameacha kazi zao, alishangaa swali lenyewe, akasema mwenzao amekwama. Mama Jito na wenzake walichimba majiko nyuma ya kanisa, wakapika dengu na chapati, na kina mama wa kijiji wakaleta ndizi. Tulikula kwa mstari juu ya majani ya mgomba, wazee wa kanisa na vilemba na vijana wa kijiji, na nilimwona Mwinjilisti Yonatani, kiuno kile kile, ameshuka chini kama wengine.

Tulifanya kazi siku nne. Safari hii mama alilazwa juu ya magogo na hakuna aliyemkaribia. Mbao fupi hazikutupwa. Fundi alizikata zikawa mabenchi ya kanisa, na mazuri kweli. Mvua kubwa ilianza tukiwa tumebakiza mabati manne, tukayapigilia tukiwa tumelowa hadi mifupani. Kuta zilipona.

Siku ya kufungua kanisa lilijaa hadi madirishani. Fundi aliwekewa nafasi benchi la mbele. Alivua viatu mlangoni, akaenda kuketi chini, juu ya nyasi mbichi zilizotandazwa sakafuni, kwa sababu palikuwa na kitabu kitakatifu mbele na hakuona vema kukaa kiti. Mwinjilisti alitoa shukrani, na mwishoni akatania, "Tumshukuru na Kalasinga wetu, ambaye hupima paa moja mara mbili." Kanisa zima likacheka. Fundi akacheka pamoja nao.

Sikujua kama nimesimama mpaka niliposikia sauti yangu. "Waitu, mbao zile nilipima mimi. Fundi alinifundisha vema, mimi nikakosea, na nikanyamaza akitukanwa." Habari ya ubao uliofanywa benchi sikuitaja. Kicheko kilikatika. Mwinjilisti alitazama chini, na nadhani naye alianza kukumbuka alikuwa amekalia nini.

Nje Fundi alinishika mkono kwa nguvu. Sijawahi kumwona na hasira vile.

"Wewe jinga, Zakaria. Mwezi ya kesho mimi nahama. Jito nataka shule, mama yake nataka watu ya lugha yake. Nakwenda Kampala. Jina mbaya mimi nabeba, naingia meli, natupa majini. Wewe nabaki hapa. Sasa nani nakupa paa?"

Kumbe alikuwa amenipangia. Alijichafua ili mimi nibaki safi, nirithi kazi yake yote kuanzia Bweranyange hadi Kanoni. Nikamwambia, "Fundi, kwa jina la uongo ningepanda kila paa nikiogopa kuanguka." Aliondoka bila kuniaga, na nilikwenda nyumbani nikalia mbele ya mke wangu bila haya.

Alikuwa na haki ya kuwa na hofu. Mwalimu mmoja wa Kanoni alikuwa ameniahidi paa la nyumba yake, kazi yangu ya kwanza peke yangu. Juma lile aliniletea salamu kwamba atafikiri kwanza. Wengine hawakuleta hata salamu.

Jumatatu iliyofuata Fundi alifika kibanjani kwangu, kwenye migomba yangu, kwa baiskeli, akaniambia nichukue msumeno. Tulikwenda hadi Kanoni. Mwalimu alitoka, na majirani wakatoka migombani kuja kutazama, maana habari ya Igurwa ilikuwa imefika kabla yetu. Mbao zilikuwa tayari. Mwalimu alimwamkia Fundi, akauliza kwa wasiwasi, "Leo nani anapima?"

Fundi aliuinua ubao wa kwanza kwa mwisho wake mmoja, upande ule anaoshika msaidizi, akaulaza juu ya gogo, akachukua msumeno wangu. Kisha akasema kwa sauti ya kusikika na kila mtu pale:

"Fundi, mimi nakata wapi?"

Niligeuka nyuma kuangalia anamwita nani. Hapakuwa na mtu nyuma yangu. Nikapima, nikaweka alama, na yule mtu aliyevuka bahari na sanduku la vifaa akakata pale pale nilipomwonyesha. Akangoja alama nyingine. Siku tatu nzima, mbele ya Mwalimu na mbele ya Kanoni yote, alikuwa msaidizi wangu.